Dola 200,000 kwa Kichaka Kimoja

Oktoba 2009, mwanabotania Daniel Gluesenkamp alikuwa akiingia San Francisco kwa gari akitokea Daraja la Golden Gate alipokiona kichaka kando ya barabara ya Doyle Drive. Miti iliyokuwa ikikificha ilikuwa imetoka kukatwa kupisha ujenzi wa barabara mpya. Kumbe ni Arctostaphylos franciscana: mmea mfupi unaotambaa, wenye maua madogo ya umbo la mtungi, meupe yaliyoingiwa na uwaridi. Kwao ni mji huo tu, na porini ulihesabiwa kuwa umetoweka tangu miaka ya 1940, makaburi ya Laurel Hill, ulikokuwa ukiota, yalipoondolewa ili zijengwe nyumba.

Januari 2010 kikanyanyuliwa kwa kreni pamoja na bonge la udongo la tani 10 hivi, kikahamishiwa kwingine humo humo Presidio, kambi ya zamani ya jeshi iliyogeuzwa bustani ya umma, mahali pasipotangazwa. Gharama, pamoja na miaka ya uangalizi, ilipangwa kuzidi dola 200,000.

Wakosoaji wakaja juu: si mmea huu huu unauzwa vitaluni kwa dola zisizofika 20? Unauzwa, ndiyo. Ila miche hiyo chanzo chake ni mimea michache iliyookolewa Laurel Hill, na kichaka hiki kilijiotea kwenye kilima kingine. Tena udongo wa vitalu huweza kubeba Phytophthora, vimelea wanaoozesha mizizi, na ukiwaingiza porini huwatoi. Kuhusu fedha, barabara yenyewe iligharimu takriban dola bilioni moja. Kichaka kililipiwa dola moja kwa kila 5,000 za barabara hiyo. Hapo sioni wizi.

Wahifadhi nao wasishangilie mapema. Mmea mmoja hauendelezi kizazi. Mwaka 2012 serikali ya Marekani iliuorodhesha kati ya viumbe vilivyo hatarini, na 2013 ikatenga kisheria takriban hekta 93 za mji kuwa makazi yake muhimu. Makazi hayo ni miamba ya sapentini (mwamba wa kijani wenye rutuba haba) iliyo wazi, yenye jua na ukungu wa bahari, na sehemu kubwa iko ndani ya bustani za umma. Mkazi anayehofia kukatiwa miti ya kivuli anapotembeza mbwa wake ana hoja nzito kuliko ile ya dola 20, na ndiye aliyestahili kujibiwa kwanza: miti ipi, kilima kipi, na nani atakayeendelea kung'oa magugu fedha za barabara zikiisha.