PIN Yangu Sikupi

Jamani, mimi ni mtu mzima. Nimeshona kaptula za watoto ambao leo wana vitambi na madaraka. Futi kamba iko shingoni mwangu miaka ishirini na sita, na nikipita mtaani kwetu Walukuba, hapa Jinja, Uganda, watu wananiita Fundi kwa heshima, hata wale ambao suruali zao bado ziko kwangu tangu Idi. Sasa niambieni, mtu kama huyo anaombwaje PIN na mwalimu wa sekondari, kwenye WhatsApp, mbele ya wazazi wengine hamsini?

"Wazazi wapendwa, tarehe 7 Julai ni Siku ya Kiswahili Duniani. Jioni saa moja na nusu tutacheza chemshabongo. Wanafunzi watatazama, wazazi mtajibu. Kila nyumba simu mbili, moja ya kutazama maswali, moja ya kujibia. Ingieni kahoot.it muweke PIN."

Muweke PIN. Sisi kuhusu PIN tumehubiriwa hadi masikio yameota sugu. Redio inasema usimpe mtu. Ujumbe wa simu unasema usimpe mtu. Shehe mwenyewe Ijumaa moja aliiacha hotuba ya mirathi akasema, na PIN zenu mzifiche. Mke wangu haijui PIN yangu. Mimi mwenyewe kuna siku siijui. Leo mwalimu anaitaka, tena amepamba na kikatuni cha ua.

Nikasema siingii. Binti yangu wa Senior Two akanitazama kama mtu anayetazama bando lililoisha. "Baba, wazazi wa wenzangu wote wanaingia." Hiyo ndiyo sentensi iliyonimalizia ada ya muhula huu, sare ya michezo na safari ya kwenda kuona chatu Entebbe. Haijawahi kushindwa. Na mwalimu mwenyewe namjua, suruali yake imetundikwa kwangu inangoja kuongezwa kiuno, kwa hiyo hata kumkwepa sokoni siwezi.

Halafu kulikuwa na suala la hadhi. Mimi Kiswahili sikusomea. Nimezaliwa nacho hapa hapa Walukuba, ambako Mgisu, Mluo, Mnubi na Msoga walikuwa wanapanga foleni ya bomba moja, na bila Kiswahili ndoo yako ilirudi tupu. Enzi hizo ukikiongea Kampala watu walikuwa wanashika mifuko, maana kilikuwa lugha ya askari na ya wezi, na mara nyingine hukujua nani ni nani. Mwaka 2005 kikaingizwa kwenye Katiba kuwa lugha rasmi ya pili, kitumike pale Bunge litakapoona inafaa. Haya, leo kinatahiniwa. Kuna mwalimu aliyekipata kwenye kitabu, na mimi niliyekipata kwenye foleni ya maji. Nani amtahini nani?

Kwa hiyo nikaamua kuingia.

Saa kumi na mbili na nusu umeme ukakatika. Hilo silielezi. Ninachosema tu ni kwamba bwawa lipo hapo, Malkia wa Uingereza alikuja kulifungua mwaka 1954, ukinyamaza vizuri usiku unaweza kujidanganya kwamba unasikia maji, na umeme unaozaliwa Jinja unafika mpaka Kenya ukiwa mzima. Sisi wa mlangoni tunauona ukipita juu kwenye nyaya, kama mgeni wa jirani.

Simu yangu ilikuwa asilimia nne. Ya mama watoto ilikuwa imejaa, lakini simu hiyo haivuki kizingiti. Yeye ndiye mweka hazina wa chama cha akina mama, na mle ndani kuna madeni ya mtaa mzima. Akasema simu yake itatazama, ikiwa mezani, mbele ya macho yake. Ya kujibia nijitafutie.

Nikaenda kwa kijana wa kibanda cha pesa za simu, mwenye sola. Ni mita themanini hivi kutoka dirishani kwangu, na ukishapita jamvi la wazee, Hajati wa maandazi na kijiwe cha boda, unakuwa umesalimia nusu ya Busoga.

"Kijana, niingize kwenye mchezo wa shule."

"Hakuna shida, Mzee. PIN?"

Nikamtazama. Kibanda kile kile, dirisha lile lile, chini ya bango lililoandikwa kwa herufi kubwa USIMPE MTU PIN YAKO. Kijana ameegemea bango lenyewe.

"PIN yangu sikupi."

"Siyo ya pesa, Mzee. Ya mchezo."

"Na wale wezi wanaonipigia usiku nao husema siyo ya pesa."

Hajati akasema kutoka kwenye karai, "Usimpe, Fundi. Shemeji yangu alitoa, wakamwachia shilingi mia tatu." Wa boda wakasogea. Afande, mzee wetu aliyestaafu jeshi, akainua bakora kuniashiria kwamba yuko upande wangu. Nikaanza kujisikia shujaa. Nikachukua simu mwenyewe, nikajikinga kwa kanzu watu wasione, nikabonyeza tarakimu zangu za siri kwa kidole kinachotetemeka. Skrini ikanijibu kwamba haiitambui.

Mjue, hapo nilihuzunika zaidi ya kukasirika. PIN niliyoificha miaka yote hii, kumbe hata haitakiwi.

Kijana akanieleza polepole, kama unavyomweleza mtu aliyeanguka kichwa. PIN ya mchezo anaitoa mwalimu. Ina tarakimu nyingi, ya usiku ule ilikuwa saba, kama namba ya simu iliyokatwa mkia. Kila mchezo ukifunguliwa inazaliwa nyingine, na ya jana haifai kitu leo. Hata ile ya mwalimu niliyokuwa nayo ilikuwa ya majaribio ya mchana, mpya ilikuwa imeshatumwa nikiwa napigania heshima yangu. Tena hakuna haja ya kufungua akaunti. Mchezaji anaandika kahoot.it tu, basi. Ukiandika com unafika kwa wenyewe, na huko wanakuuliza wewe ni mwalimu au nani. Nilikuwa nimefika huko. Nilikuwa nimejibu kwamba mimi ni mwalimu.

Nikauliza hiyo it ni nini. Mmoja wa boda, ambaye ndugu yake yuko Ulaya, akasema ni anwani ya Italia. Kijana akasema lakini kampuni ni ya Norwei, iko Oslo. Sasa fuata hapo: wenye mchezo wako Norwei, mlango uko Italia, mtihani ni wa Kiswahili, na mtahiniwa yuko Walukuba gizani na andazi mkononi.

Tukaingia. Wakataka jina. Nikasema hapo sasa tumefika kwenye mambo yangu, nikaandika Mheshimiwa Fundi Mkuu wa Walukuba. Nafasi ikaisha njiani. Kwa mwalimu likatokea "Mheshimiwa Fund". Mfadhili kamili. Mwalimu akadhani ni mtoto mtundu, akaligusa jina kwa kidole, nikatolewa nje. Ndivyo ilivyo, mwalimu akilibonyeza jina lako tu, umekwenda. Nikaingia tena kama "Fundi". Heshima ya miaka ishirini na sita, herufi tano.

Kisha skrini ikabadilika, ikaleta rangi nne kubwa. Nyekundu yenye pembetatu, buluu yenye umbo kama almasi, njano yenye duara, kijani yenye mraba. Hakuna neno hata moja. Nikaona vipande vya kitambaa vinavyongoja kukatwa. Wenzangu waliona jambo lingine. Uganda hii ukimwonyesha mtu nyekundu, buluu, njano na kijani kwa pamoja, anaona vyama vya siasa, anaangalia nyuma kwanza. Hajati akafunika karai. Wa boda mmoja akasema yeye hajaja hapa, na wala hajatuona.

"Swali liko wapi?" nikauliza.

"Swali liko kwa mwalimu, Mzee. Kwenye simu ya nyumbani. Hapa unabonyeza tu rangi ya jibu."

Mita themanini. Sekunde ishirini kwa swali. Na pointi zinahesabiwa kwa mbio: ukijibu sahihi papo hapo unakaribia 1,000, ukingoja hadi mwisho unapata kama nusu yake.

Tukapanga mjumbe. Binti dirishani anasoma swali na rangi, mdogo wake chini ya mwembe anapokea, anatupigia kelele sisi wa kibandani. Mdogo wake ana miaka saba na mapengo mawili ya mbele. Karibu naye kuna redio ya fundi viatu ambayo haijawahi kupunguzwa tangu inunuliwe.

Swali la kwanza halikufika. La pili lilifika likiwa limevaa nguo nyingine. Binti alisema, "Kinyume cha anika." Chini ya mwembe likageuka. Kwetu likatua, wima, mbele ya hadhira nzima:

"Kinyumba cha Hanifa!"

Kimya. Hata redio nadhani ilinyamaza. Hajati akaweka chini mwiko. "Hanifa yupi?" Wanaume watatu wakatazama viatu vyao. Afande akakohoa kikohozi cha mtu anayehamishia gari lake gereji nyingine. Mimi nimeapa kwamba simjui Hanifa yeyote, lakini mama watoto alikuwa ameshatoka mlangoni na taa. Sekunde ishirini zikaisha sote tukiwa washukiwa. Jibu lilikuwa "anua", neno ambalo mvua ikinyesha nalitamka mara kumi kwa siku.

Swali la tano nilipata. Kijana alibonyeza kijani kwa bahati mbaya akipokea pesa ya mteja.

La saba ndilo lililotuharibia. Swali ni "wingi wa ufunguo", jambo la mtoto wa nasari. Mdogo akavuta pumzi, akakusanya nguvu zake zote na mapengo yake yote, akaachia:

"MWIZI WA UFUNGUO!"

Ndugu zangu, hilo neno la kwanza halipigiwi kelele gizani Walukuba. Boda sita ziliwaka kwa pamoja. Afande akasimama, mwaka mmoja mmoja ukimdondoka, akaanza kutoa amri za gwaride. Mtu fulani akapiga filimbi. Hadi leo sijui nani hukaa na filimbi mfukoni. Kulikuwa na bwana mmoja anapita zake na kuku kwapani, hana kosa, hana habari, hajui ngeli. Akatuona tunamwelekea, akafanya hesabu yake, akakimbia.

Na mtu akikimbia, basi tena.

Nilikuwa napiga kelele, "Ni swali! Ni swali la Kiswahili!" Nani anasikia? Walimfuata hadi reli, Mungu akaweka mkono wake, hawakumpata. Afande aliporudi, amelowa jasho, nikamweleza kwamba hakukuwa na mwizi, ilikuwa wingi. Akafikiri. Akasema, "Wingi wa ufunguo ni mafunguo. Jeshini tulikuwa na mafunguo." Nikabishana naye dakika tano nzima. Mimi, Fundi, kanzu imechanika pindoni, nabishana habari ya funguo na mtu mwenye bakora, na ile simu inahesabu.

Nafasi ya 38. Iliandikwa hapo kwenye simu, bila aibu. Watatu wa kwanza walipandishwa jukwaani na muziki, na aliyeshika namba moja ni mama mmoja ambaye kila mkutano wa wazazi husema watoto wapunguziwe Kiswahili waongezewe hesabu. Alikuwa nyumbani kwake, na umeme wake, simu mbili mezani. Jirani ananiambia shule ya wanawe hutumia Quizizz, ile iliyobadili jina mwaka 2025 ikawa Wayground, na kule swali linakuja kwenye simu yako mwenyewe, unasoma kwa nafasi yako. Ananiambia sasa.

Binti hakusema kitu. Alisema tu, "Asante kwa kujaribu, Baba," na hiyo ndiyo iliyoniuma. Kwa sababu wanapenda michezo hii, na mimi si mjinga, naona wanajifunza. Lakini nahesabu pia. Bando la simu mbili kwa saa moja, na ndani ya bando kuna kodi asilimia 12 tangu 2021, walipotuondolea ile ya mitandao ya kijamii, shilingi 200 kwa siku. Kuchajisha. Maandazi ya kuomba radhi. Darasa lao lina nyumba ambazo simu mbili ni ndoto, hata moja ni ya kupokezana, na hao hawakuandikwa kwenye orodha kabisa, wala nafasi ya mwisho hawakupewa. Kaka yake mkubwa shule zilipofungwa Machi 2020 alikuwa anasomeshwa na redio, betri zikiwepo. Zilipofunguliwa Januari 2022 hakurudi. Anauza rolex stendi, siyo saa, ni chapati iliyokunjwa na mayai. Anakunja chapati haraka kuliko huyo mama wa jukwaani anavyobonyeza. Nani amempa pointi?

Basi, hayo tuyaache.

Tatizo langu la sasa ni kuku. Yule bwana alimwangusha karibu na mtaro, na wa boda, kwa kuwa mchezo ulikuwa wangu, wakaamua kuku ni wa kwangu hadi mwenyewe apatikane. Nimemfunga kwenye mguu wa cherehani. Siku ya tatu leo. Ananya kwenye vitambaa vya wateja, na asubuhi alitaga yai ndani ya suruali ya mwalimu iliyokuwa imeanguka pale chini. Nimeuliza hadi Masese, hakuna anayedai. Nani atakuja kusema mimi ndiye niliyekimbia? Mama watoto anapita, anamtazama, anatazama sufuria. Kila akipita ananiuliza pia Hanifa hajambo. Nimemwambia kuku tumngoje mwenyewe hadi Ijumaa.