Dilei Ni Programu, Tudai Msimbo Wake

Ukiweka dilei, yaani athari inayorudisha sauti kama mwangwi baada ya muda mfupi, kwenye sauti ya mwimbaji, kompyuta hufungua faili moja dogo na kuliacha lifanye kazi ndani ya programu unayorekodia. Kwenye Windows jina la faili hilo mara nyingi huishia na .dll, kwenye Linux huishia na .so. Tunaliita plagini, tunavuta vitufe vyake, tunaendelea na miksi. Lakini faili hilo halifanani na wimbo wa MP3 uliolala kwenye folda. Ni programu, na likishafunguliwa hupata haki zilezile za programu iliyolifungua: linaweza kusoma nyaraka zako, kufuta sesheni (mafaili ya kazi za kurekodi) za wateja, kutuma vitu mtandaoni bila wewe kujua. Ndiyo maana nasikitika kila nionapo flashi zikizunguka studio hadi studio, Dar es Salaam kama Nairobi, zimejaa plagini zilizokrekiwa, yaani zilizovunjwa kinga ya leseni, na mtu ambaye hakuna anayemjua.

Ninachokidai ni kwamba athari ya msingi kama dilei, ambayo karibu kila wimbo unaihitaji, itoke kwenye faili ambalo msimbo chanzo wake, yaani maandishi ya programu yaliyoandikwa na mtunzi wake, uko wazi. Kutolipia ni faida ndogo tu. Faida kubwa ni usalama, na uhakika kwamba sesheni ya leo itafunguka baada ya miaka kumi na mwangwi wake ukiwa palepale.

Mfano ninaoupenda ni LADSPA. Mwaka 2000 Richard Furse, pamoja na jamii ya waandishi wa programu za sauti za Linux, alileta utaratibu huu mwepesi wa plagini. Utaratibu wote umo ndani ya faili moja la lugha ya C, ladspa.h, na sehemu kubwa yake ni maelezo ya kusomwa na binadamu. Plagini inatakiwa kujua mambo machache: kuundwa, kuunganishwa na njia za sauti na za vidhibiti, kuchakata kipande cha sauti inachopewa, na kuachia kumbukumbu kazi ikiisha. Haichori kitufe hata kimoja. Kuchora ni kazi ya programu inayoipokea. Programu za kurekodia Audacity na Ardour zinauelewa utaratibu huu, na hata FFmpeg, programu ya kuchakata sauti na video, inaweza kuzitumia plagini hizi kwa amri ya kuandika tu.

Furse aliambatanisha mifano michache, na mmojawapo ni delay.so, dilei inayofika hadi sekunde 5. Ningetamani kila anayesomea urekodishaji asome msimbo wake, delay.c, angalau mara moja. Ndani yake kuna eneo la kumbukumbu linalotumika kama duara. Kila sampuli ya sauti inayoingia, yaani kipimo kimoja cha sauti kati ya maelfu yanayochukuliwa kila sekunde, huandikwa mahali pake, na usomaji hufuata nyuma kwa umbali unaolingana na muda uliouchagua. Uandishi ukifika mwisho wa eneo, hurudi mwanzo na kufuta ya zamani. Ukirekodi kwa sampuli 48,000 kwa sekunde na ukataka dilei ya nusu sekunde, usomaji uko sampuli 24,000 nyuma. Kwa sekunde 5 zinahitajika sampuli 240,000, lakini msimbo hutenga nafasi 262,144, kwa sababu hiyo ni 2 iliyozidishwa yenyewe mara 18, na kwa namba ya aina hiyo kompyuta hujua pa kurudi mwanzo kwa hesabu nyepesi mno. Kila sampuli ni baiti 4, hivyo duara zima ni megabaiti 1 kamili.

Sasa fungua dilei hiyo kwenye traki kumi. Msimbo wake hupakiwa mara moja tu. Kila traki hupewa duara lake. Programu nyingine ikilihitaji faili hilohilo wakati huohuo, Linux huzipa zote mbili nakala ileile ya msimbo. Hiyo ndiyo maana ya maktaba ya pamoja, na mwenye laptop ya mtumba yenye RAM kidogo anaiona tofauti.

Baadaye Steve Harris alitoa mkusanyiko mkubwa zaidi wa plagini za LADSPA, swh-plugins. Humo utakuta delay_1898.so, tape_delay_1211.so inayoiga dilei za mkanda, revdelay_1605.so inayorudisha sauti kinyumenyume, na lcr_delay_1436.so inayogawa mwangwi kushoto, katikati na kulia. Namba iliyo kwenye jina ni kitambulisho cha plagini, au cha ile ya kwanza faili likibeba kadhaa. Kwenye LADSPA kila plagini ina kitambulisho chake pekee, ili sesheni isije ikachanganya dilei mbili zenye majina yanayofanana.

Hiyo delay_1898.so ndiyo inayonifundisha zaidi, kwa sababu faili moja limebeba dilei tatu zinazotofautiana kwa jambo moja tu: zinafanya nini muda uliochaguliwa unapoangukia katikati ya sampuli mbili. Ya kwanza haijali, huchukua sampuli nzima. Ya pili huvuta mstari ulionyooka kati ya sampuli mbili na kusoma hapo. Ya tatu hutumia sampuli nne na mstari uliopinda. Sogeza muda polepole sauti ikiendelea, kisha sikiliza. Ya kwanza hutoa mikwaruzo, ya pili hulainisha lakini hupunguza kidogo sauti za juu, ya tatu huzihifadhi vizuri zaidi kwa gharama ya hesabu nyingi. Sijaona darasa zuri kuliko hilo la kumfundisha mtu kusikiliza.

Upande wa pili tazama kilichotokea kwa VST2, utaratibu wa plagini unaomilikiwa na kampuni ya Steinberg. Mwaka 2018 Steinberg iliacha kutoa vifaa vya kutengenezea plagini za aina hiyo, na mtengenezaji mpya ambaye hakuwa na mkataba wa awali akabaki nje. Plagini zilizokuwepo hazikufa siku ile, lakini uamuzi wa kampuni moja ulitosha kufunga njia iliyotegemewa na watu wengi. Kuna pia suala la biti 32 na biti 64, yaani vizazi viwili vya programu za kompyuta, cha zamani na cha sasa: plagini ya zamani ya biti 32 haiingii moja kwa moja kwenye programu ya biti 64, na kama msimbo wake umefungiwa na mwenyewe hayupo tena, mwangwi wa wimbo wako umepotea naye. Dilei ya Furse unaikompaili upya, yaani unaijenga tena kutoka kwenye msimbo wake. Msimbo uleule hujengwa kwa ajili ya kompyuta ya kawaida au Raspberry Pi, na kitambulisho hubaki kilekile.

LADSPA ina upungufu wa kweli. Haipokei tempo ya wimbo kutoka kwa programu, kwa hiyo dilei haiwezi kujipanga yenyewe na mdundo. LV2, iliyokuja kuirithi, inalitatua hilo na pia inaruhusu sura nzuri, na CLAP, utaratibu mwingine wa plagini wa mwaka 2022, imetolewa kwa leseni ya MIT iliyo wazi kabisa. Lakini hata kwa LADSPA hesabu ni rahisi: gawanya 60,000 kwa BPM (idadi ya mapigo kwa dakika), upate milisekunde za pigo moja. Wimbo wa BPM 100 unataka 600. Singeli ya BPM 240 inataka 250, na hapo ukizidisha kiasi cha mwangwi maneno ya MC yote yanazama, kwa hiyo mimi hutumia nusu yake, 125, na kuushusha chini sana.

Kwa studio itakayotaka kuanza, Debian na Ubuntu, ambazo ni matoleo ya Linux, zina vifurushi vya ladspa-sdk, swh-plugins na tap-plugins tayari. Mafaili hukaa kwenye /usr/lib/ladspa na amri ya listplugins hukuonyesha yaliyopo. Mteja akichukua kazi yake, mpe sauti kavu isiyo na athari, sauti yenye dilei, na kwenye folda hiyohiyo mwekee faili la .so pamoja na msimbo wake chanzo. Leseni ya GPL ya swh-plugins inakuruhusu kumpa nakala, na inamhakikishia naye haki ya kupata msimbo.