Kaniki isiyopenyeka: tumpe shujaa au tumnyime?

Mpwa wangu anasoma kidato cha tatu Mbeya. Likizo hii amekuja kwangu Iringa na kaunta buku iliyojaa ulimwengu alioutunga mwenyewe: milima mitatu, mfalme kipofu, na kaniki. Kaniki hiyo hufumwa kwa ukungu wa alfajiri unaokusanywa kwenye kilele cha mlima unaofanana mno na Rungwe, na anayeivaa hapenywi na mkuki, risasi wala kucha za jini. Alinisomea sura nne jikoni, mahindi yanaungua jikoni humo humo na hakuna aliyeyageuza. Sura ya tano nikamkatisha.

"Huyu shujaa wako simwogopei tena."

"Sasa mjomba, akifa sura ya pili hadithi itaendaje?"

Swali lake si la kitoto. Mtunzi anayempeleka mtu mdogo kwenye vita vikubwa lazima ampe kitu, la sivyo msomaji ataona anapona kwa bahati tu, na bahati ikizidi mara tatu inachosha kuliko uchawi. Kinga ya ajabu angalau ni ahadi iliyowekwa wazi mapema. Tolkien, Mwingereza aliyetunga ulimwengu wa Middle-earth, alifanya hivyo hivyo. Kuna madini yake yanayoitwa mithrili, mepesi na magumu kuliko chuma cha pua. Deraya, yaani vazi la vita, iliyofumwa kwa madini hayo Thorin, mkuu wa vibeti, alimpa Bilbo, na Bilbo akampa Frodo, shujaa mdogo wa hadithi, ambaye akaivaa chini ya nguo zake kimya kimya. Mle migodini Moria akachomwa mkuki ubavuni, wenzake wakadhani amekufa. Akainuka na michubuko.

Ingeishia hapo, ningesema mpwa wangu ameshinda. Lakini tazama deraya ile inakwenda wapi baadaye. Buibui Shelob anamuuma Frodo shingoni, mahali ambapo deraya haifiki. Maadui wanamvua, na makundi mawili ya maorki, askari wa adui, yanaanza kuigombania hadi yanauana karibu wote. Ndiyo sababu Sam, mtumishi wa Frodo, anaweza kuingia mnara alimofungiwa na kumtoa bwana wake. Kisha deraya hiyo hiyo inapelekwa kwenye lango la adui, inaoneshwa kwa marafiki wa Frodo ili waamini kwamba ameshakamatwa. Vazi moja limeokoa mtu mara moja kwa ugumu wake, mara ya pili kwa tamaa ya wezi, na mara ya tatu limegeuka silaha ya kuvunja mioyo. Na mithrili yenyewe ilichimbwa Moria kwa uroho hadi wachimbaji wakaamsha jini la moto lililowafukuza kwao. Kabla ya kumlaumu mpwa wangu kwa kutia kinga, nilipaswa kumlaumu kwa kuitia halafu kuiacha ikae tu mwilini kama fulana.

Upande wa pili, wa kumnyima, una nguvu zaidi kwetu huku kuliko huko Uingereza, kwa sababu huku kinga ya ajabu haikuwa hadithi. Kuelekea Vita vya Maji Maji vya 1905 Kinjikitile Ngwale, kule Ngarambe, aligawa dawa ya maji iliyokuwa na mtama na mafuta ya nyonyo, akisema risasi za Wajerumani zitageuka maji. Dawa ilikuwa na miiko yake. Maji hayo yalikusanya watu ambao hawakuwahi kupigana upande mmoja, na hilo ni jambo kubwa ambalo hakuna ngao ingeweza kulifanya. Septemba mwaka huo Wabena wakashambulia misheni ya Yakobi karibu na Njombe, wakarudishwa nyuma kwa bunduki. Kule Mahenge bunduki za rashasha ziliua watu wengi waliokuwa wakienda mbele bila kujificha. Aliyekufa, walio hai waliweza kusema amevunja mwiko. Hapo ndipo ninapoogopa kinga isiyopenyeka hata kwenye kaunta buku: ikifaulu sifa ni yake, ikishindwa kosa ni la marehemu.

Wahehe hawakuingia upande wa maji. Walikuwa wameshavunjwa, chifu wao Mkwawa amekufa tangu 1898. Lakini Lugalo, tarehe 17 Agosti 1891, walimaliza kikosi cha Kijerumani cha Zelewski kwa mikuki na ngao za ngozi, ngao ambazo kila mmoja alijua hazizuii risasi. Kilichowalinda ni kuvizia na kutokea ghafla kwa wingi, na hata hivyo walipoteza watu wengi. Kalenga nako kulikuwa na ukuta wa mawe, na Oktoba 1894 Wajerumani wakaupenya. (Fuvu la Mkwawa lilirudishwa Kalenga 1954, mwaka ule ule riwaya ya Tolkien kuhusu pete ilipoanza kuchapishwa. Halihusiani na lolote, nimelipenda tu.)

Kwa hiyo simnyimi mpwa wangu kaniki. Wala sipendi dawa ya siku hizi ya watunzi wengi, ya kusema kila ukiivaa inakula mwaka mmoja wa maisha yako. Hiyo ni hesabu ya duka, msomaji anaanza kupiga jumla. Gharama ninayoitafuta haiko kwa mvaaji. Katika safari ya Tolkien walikuwa tisa na deraya moja. Sam alipanda mlima bila deraya ya namna hiyo, na mimi ni Sam niliyemwogopea muda wote.

Nikamuuliza: kaniki ipo moja au nyingi?

"Moja."

"Na wanaokusanya ukungu ni akina nani?"

Akanyamaza. Tulikuwa tumepita Mufindi pamoja alipokuwa anakuja, basi limesimama Mafinga alfajiri. Aliniambia aliwaona wachuma chai barabarani wakienda shambani, wamejifunga nailoni kiunoni ili umande usiwaloweshe.

"Nimeshawaandika," akasema, "ila sikuwapa majina." Akafungua ukurasa wa kwanza, akatafuta kalamu.